Frumentius: Mateka Aliyerudi Aksum na Injili

Ndani ya gazeti hili utakuta picha za wazee waliotutangulia na shuhuda zao. Mimi kamati iliniomba niandike maisha ya mtumishi mmoja wa zamani. Wengi walidhani nitawaandika wamisionari wa Uswidi walioanza kazi Kiremba mwaka 1935, maana huko ndiko sisi Wapentekoste wa Burundi tunakoanza kuhesabu. Hao wameandikwa sana na wataandikwa tena. Mimi nakurudisha nyuma karibu miaka 1,700, kwa mtu ambaye kwenye mimbari zetu hatajwi, ingawa Ethiopia nzima inamjua. Jina lake ni Frumentius. Waethiopia humwita Abba Salama, yaani Baba wa Amani, na tena Kesate Berhan, mfunua nuru.

Nina sababu ya kumchagua. Hapa Rohero, ibada ikiisha, vijana wanakuja na simu mkononi. Wanakuonyesha ujumbe uliozunguka WhatsApp kutoka nchi hata nchi: eti Biblia ilitungwa na Kaisari Constantine kule Nikea mwaka 325, eti vitabu vilipigiwa kura kama uchaguzi wa komini, eti ni kitabu cha wazungu walichotuletea juzi ili watutawale. Wengine hawaji kuuliza, wanaacha tu kuja. Mama mmoja alinifuata akiwa na huzuni kwa sababu ya kijana wake aliyekuwa anatupigia kinanda. Kijana hakugombana na mtu. Alisoma hayo, akanyamaza, Jumapili ya pili kinanda kikakosa mpigaji. Mama aliniomba jibu la kumpelekea nyumbani. Basi haya ninayoandika ni ya yule mama, na ni yako pia, maana najua hata kwako kijana kama huyo yupo.

Frumentius alizaliwa upande wa Tiro, mji wa pwani unaousoma katika Injili, leo ni nchi ya Lebanoni. Utoto wake ulikuwa mwanzoni mwa karne ya 4. Shika hiyo tarehe, itatufaa. Mwaka 303 Kaisari Diocletian alitoa amri kwamba makanisa yabomolewe na Maandiko yachomwe moto. Eusebius, aliyekuja kuwa askofu wa Kaisaria, mji usio mbali na Tiro, aliandika kwamba aliona kwa macho yake mwenyewe vitabu vikiteketezwa sokoni. Palikuwa na waliotoa vitabu ili wapone, na palikuwa na waliokataa wakafa. Sasa nikuulize wewe na yule mpiga kinanda: kitabu kilichotungwa mwaka 325 kinachomwaje moto mwaka 303? Mtu hachomi kitu ambacho bado hakipo.

Turudi kwa kijana wetu. Alikuwa na ndugu yake Aedesius, mdogo kwake, na wote wawili walisomeshwa na mtu wa jamaa yao aliyeitwa Meropius, mwanafalsafa wa Tiro. Meropius alipenda kuona nchi za mbali, kwa hiyo akapanda meli akawachukua watoto ili wajifunze njiani. Safari yenyewe ilikwenda vizuri. Shida ilikuja wakati wa kurudi. Maji na chakula vilipungua, meli ikatia nanga katika bandari moja ya Bahari ya Shamu. Siku hizo mapatano kati ya watu wa pwani ile na Warumi yalikuwa yamevunjika, na desturi ya pale ilikuwa kwamba mapatano yakivunjika, kila mtu wa upande wa Warumi anayepatikana anauawa. Wakaivamia meli. Meropius akauawa, mabaharia wakauawa, wasafiri wote wakauawa.

Wewe uliyepita barabara zetu za Maziwa Makuu miaka ya vita, hapa huhitaji maelezo. Gari linasimamishwa, watu wanaulizwa ni wa wapi, na jibu lako ndilo kosa lako. Hao wa meli hawakuvunja mapatano yoyote. Walikuja kutafuta maji.

Watoto wawili hawakuwa ndani ya meli. Walikutwa chini ya mti, wakijisomea masomo yao. Wale watu wakawahurumia, hawakuwaua, wakawapeleka kwa mfalme. Mji wa mfalme ulikuwa Aksum, kwenye milima ya kaskazini ya Ethiopia ya leo, ufalme mkubwa uliofanya biashara ya pembe za ndovu na dhahabu kupitia bandari ya Adulis, na uliopiga sarafu zake wenyewe. Mfalme akawapima hao wawili. Aedesius akamfanya mnyweshaji wake. Frumentius akamwona ana akili na anajua kuandika, akampa hesabu na barua za nyumba ya mfalme. Umekwisha kumkumbuka Yusufu kwa Farao, si ndiyo? Na mimi nilimkumbuka. Lakini nyumba hii ilikuwa ya watu waliomwua mwalimu wake, na kila asubuhi alikuwa anaamka humo, anafungua daftari, anahesabu mali yao kwa uaminifu.

Miaka ikapita. Mfalme alipokaribia kufa aliwaachia huru wote wawili waende wanakotaka. Akafa, akaacha mjane na mtoto mdogo. Yule malkia akawasihi wasiondoke, wamsaidie kushika nchi mpaka mtoto akue, kwa kuwa hakuwa na mtu mwaminifu kuliko wao, hasa Frumentius. Wakakubali.

Hapo ndipo kazi ya Mungu ilipoanza, na angalia ilivyoanza. Frumentius hakusimamisha mkutano wa hadhara wala hakutoa amri watu wabatizwe. Aliulizia tu kati ya wafanyabiashara wa Kirumi waliokuwa wanaingia nchini: nani ni Mkristo? Alipowapata akawapa nafasi ya kuwa na mahali pa kukusanyika na kuomba, akawasaidia kupata viwanja na mahitaji ya kujenga. Kwa ufupi ni kikundi cha maombi cha wageni. Sisi wa ushirika huu tunakijua hicho kitu. Matawi yetu mengi yalianza hivyo hivyo, kwa wakimbizi na wachuuzi waliovuka mpaka na kuulizana ni nani anaomba.

Mtoto wa mfalme akakua. Frumentius na ndugu yake wakamkabidhi kila kitu, wakaomba ruhusa. Malkia na mwanawe walijaribu sana kuwazuia, haikuwezekana. Aedesius alishika njia ya Tiro kwenda kuwaona wazazi na jamaa, na nani angemlaumu? Frumentius hakwenda Tiro. Alikwenda Iskanderia ya Misri, kwa askofu Athanasius, aliyekuwa na kiti hicho tangu mwaka 328. Akamweleza mambo yote, akamwomba atafute mtu anayefaa, amtume Aksum awe askofu wa Wakristo walioko kule. Athanasius alikaa na baraza la makasisi wake, wakasikiliza, na uamuzi ukawa kwamba mtu huyo hawezi kuwa mwingine ila Frumentius mwenyewe. Akawekewa mikono, akarudi.

Nataka usimame hapa kidogo. Mara ya kwanza alipelekwa kule akiwa mateka, baada ya kuona damu. Mara ya pili alikuwa mtu huru, njia ya kwao iko wazi, hakuna anayemdai. Alirudi kwa watu wale wale. Tunahubiri sana msamaha katika ushirika wetu, na tuna haki kuhubiri, maana kuna walioketi benchi moja ambao baba zao waliuana. Lakini mara nyingi msamaha tunaouhubiri ni wa kushikana mkono madhabahuni halafu kila mtu anarudi kwenye kilima chake. Huu wa Frumentius ni wa kuhamia kwao.

Sasa yule kijana mwenye simu ataniuliza: Mwinjilisti, hii habari umeitoa wapi? Si ni hadithi ya watawa tu? Ni swali zuri. Torati inataka mashahidi wawili au watatu ndipo neno lithibitike. Haya, tuwaite.

Shahidi wa kwanza ni Rufinus, mwandishi wa historia ya kanisa, aliyeiandika habari hii mwanzoni mwa karne ya 5. Yeye hakuiokota njiani. Anasema aliisikia kwa kinywa cha Aedesius mwenyewe, yule ndugu mdogo, ambaye wakati huo alikuwa kasisi wa kanisa la Tiro. Kumbe kurudi kwake nyumbani hakukuwa bure. Mmoja alirudi kufanya kazi, mwingine akabaki kuisimulia. Ni njia ile ile Luka anayoieleza mwanzoni mwa Injili yake: kuwatafuta walioona wenyewe tangu mwanzo, kisha kuandika kwa utaratibu.

Rufinus ana tatizo moja na sitakuficha. Nchi anaiita India. Watu wa zamani walikuwa wanaliita India karibu kila eneo lililoko ng'ambo ya Bahari ya Shamu. Mtu angeweza kusema basi Frumentius hakufika Aksum kabisa. Lakini yuko shahidi wa pili, na huyu ni adui. Kaisari Constantius, mwana wa Constantine, alikuwa upande wa wafuasi wa Arius waliofundisha kwamba Mwana si Mungu sawa na Baba. Mwaka 356 askari wake walivamia kanisa la Iskanderia usiku, Athanasius akakimbilia jangwani kwa watawa, na kiti chake akapewa mtu anayeitwa George wa Kapadokia. Kisha Kaisari akaandika barua kwa watawala wa Aksum, ndugu wawili, Ezana na Sazana. Aliwataka wamrudishe Frumentius Misri upesi akachunguzwe na George, kwa kuwa aliyemsimika ni Athanasius, mtu aliyehukumiwa. Barua hiyo Athanasius aliiweka katika maandiko yake ya kujitetea, ndiyo maana tunayo. Aksum imetajwa, Frumentius ametajwa, Athanasius ametajwa. Adui hakuwa na nia ya kumsaidia Rufinus, tena aliandika karibu miaka 50 kabla yake.

Shahidi wa tatu hana mdomo. Ni sarafu na mawe. Sarafu za kwanza za mfalme Ezana zina mwezi mwandamo na duara la jua, alama za miungu ya kwao. Sarafu zake za baadaye zina msalaba, na ni kati ya sarafu za kwanza duniani kuwekwa msalaba. Mawe aliyoyaandika kusifu vita vyake ni vile vile: ya mwanzo yanamtaja mungu Mahrem, ya baadaye yanamshukuru Bwana wa Mbingu, na jiwe moja la Kigiriki linamkiri Kristo. Ukienda Aksum leo utayaona mawe ya Ezana yamesimama. Mfalme anaweza kudanganya watu kwa mdomo, lakini kubadilisha alama kwenye pesa ni jambo ambalo kila mfanyabiashara wa Bahari ya Shamu aliliona kiganjani mwake.

Nimekaa sana kwenye mashahidi kwa makusudi. Hivi ndivyo habari ya kale inavyopimwa, yoyote ile, na Agano Jipya linapimwa hivyo hivyo. Wala halikimbii kipimo.

Tufike sasa kwenye vitabu vyenyewe. Kanisa la Iskanderia lililomtuma Frumentius lilisoma Maandiko kwa Kigiriki. Vitabu vya wakati wake vingine vipo mpaka leo, kwa mikono ya watu walioishi siku zake! Kimoja kinaitwa Sinaiticus, kilitunzwa katika monasteri ya Mtakatifu Katerina chini ya mlima Sinai, na sehemu kubwa sasa iko London. Kingine kinaitwa Vaticanus, kiko Roma. Vyote ni vya karne ya 4, vya ngozi, vya kuandikwa kwa mkono. Na viko vya zamani kuliko hivyo, vya mafunjo, vilivyohifadhiwa na mchanga mkavu wa Misri. Kuna nyaraka za Paulo zilizonakiliwa karibu mwaka 200. Kuna kipande kidogo cha Yohana sura ya 18, pale Yesu anaposimama mbele ya Pilato, kisichozidi kiganja cha mkono, kinachohesabiwa kuwa cha karne ya 2 na kutunzwa Manchester, Uingereza. Misri, msomaji. Bara letu ndilo lililotunza karatasi hizo.

Na ile kura ya Nikea? Baraza lilikuwepo kweli, mwaka 325, na Constantine aliliita. Walijadili fundisho la Arius, walijadili tarehe ya Pasaka, wakatoa kanuni 20 za utaratibu wa kanisa. Hakuna hata moja kati ya hizo inayopanga vitabu vya Biblia. Tunajuaje kwamba hawakuvipanga? Mtu mmoja aliyekuwa ndani ya baraza lile, akiwa shemasi kijana wa askofu wake, ni Athanasius huyu huyu. Miaka 42 baadaye, mwaka 367, alipokuwa mzee aliyekwisha fukuzwa mjini mara tano na kurudi, aliandika barua yake ya Pasaka kwa makanisa ya Misri, na ndani yake akataja vitabu 27 vya Agano Jipya, vile vile 27 ulivyo navyo mkononi. Ndiyo orodha ya kwanza tunayoijua inayolingana kabisa na yetu. Kama Nikea wangekuwa wamekwisha kupanga, yeye aliyekuwepo angesema baraza letu liliamua. Hakusema hivyo. Alisema ni vitabu vilivyopokewa kutoka kwa mababa. Pale chuo cha Biblia tarehe hiyo ya 367 tuliikariri kwa ajili ya mtihani, mwalimu akaweka alama ya sawa, na hakuna aliyetuambia kwamba mwandishi wa barua ile ndiye aliyemwekea mikono mtu wa kupeleka Injili huku kwetu Afrika Mashariki.

Lakini usiende kumwambia kijana wako kwamba mambo yote yalikuwa laini. Kabla ya hapo watu walitofautiana. Injili nne, Matendo na nyaraka za Paulo hazikuwa na ugomvi mkubwa. Irenaeus karibu mwaka 180 tayari anazitetea Injili nne, si tatu wala tano. Lakini Yakobo, Yuda, Petro wa pili, Yohana wa pili na wa tatu, makanisa mengine yalikawia kuzipokea, na Ufunuo ulibishaniwa kwa muda mrefu. Hata Athanasius, katika Agano la Kale, Esta hakumweka kwenye orodha kuu, alimweka na vitabu vya kuwasomea wanaoanza. Mimi jambo hili halinitikisi. Kitabu kilichokubaliwa polepole na makanisa ya miji mingi, yanayobishana, yasiyo na simu wala mtawala mmoja wa kuyalazimisha, nakiamini zaidi kuliko kitabu ambacho kingetoka siku moja kwenye ofisi ya Kaisari.

Kuna jambo jingine linalotugusa sisi Wapentekoste kwenye mshipa. Fungua Marko 16. Mstari wa 17 na wa 18, lugha mpya, kuwekea wagonjwa mikono, tumeuandika kwenye mabango na kwenye kuta za makanisa yetu. Sasa ujue: zile nakala mbili za siku za Frumentius, Sinaiticus na Vaticanus, Injili ya Marko inaishia mstari wa 8. Wanawake wanakimbia kaburini wakiogopa, basi. Mistari 12 inayofuata haimo. Biblia nyingine huweka maelezo madogo chini ya ukurasa kukueleza, na sisi tunayaruka. Kijana hayaruki. Anayakuta mwenyewe usiku kwenye simu, halafu anadhani wachungaji wake walimficha.

Mwambie kabla hajaambiwa na mwingine. Mwambie pia upande wa pili: Irenaeus, zaidi ya miaka 100 kabla ya nakala zile mbili, anataja maneno ya mwisho huo akisema yako katika Marko, kwa hiyo ni ya zamani sana, na nakala nyingi mno za baadaye zinayo. Wataalamu wengi wanaona yaliongezwa ili kumalizia Injili iliyoonekana kukatika. Wako wanaoyatetea. Na mwambie hivi: hatukumpokea Roho Mtakatifu kwa Marko 16 peke yake. Matendo 2 iko palepale, Matendo 10, Matendo 19, Wakorintho wa kwanza 12 na 14, Yakobo 5 juu ya wagonjwa na mafuta. Hapo nakala hazigombani. Habari ya kushika nyoka mimi binafsi sijengi juu yake mahubiri, na naomba na wewe usijenge.

Frumentius alipewa maisha marefu ya kazi, na baada yake Maandiko yakatafsiriwa kutoka Kigiriki kwenda lugha ya Ge'ez, lugha ya Aksum, hatua kwa hatua kati ya karne ya 4 na ya 6. Hata herufi zilitengenezwa vizuri siku zile. Maandishi ya Ge'ez mwanzoni yaliandikwa kwa konsonanti tu, msomaji akijazia irabu mwenyewe. Katika maandishi ya wakati wa Ezana irabu zinaanza kuonekana ndani ya herufi, kama Waethiopia wanavyoandika mpaka leo. Karibu mwisho wa karne ya 5 walikuja watawa wanaoitwa Watakatifu Tisa, wakaendeleza kazi hiyo. Mmoja wao alikuwa Abba Garima, na monasteri yenye jina lake iko karibu na Adwa, katika Tigray. Humo mna vitabu viwili vya Injili nne, vya ngozi ya mbuzi, vyenye picha za rangi. Watawa wanasimulia kwamba Garima aliandika Injili kwa siku moja tu, Mungu akazuia jua lisizame mpaka amalize. Wasomi wa Ulaya walikuwa wakicheka, wakisema vitabu vyenyewe ni vya karne ya 11 hivi. Ndipo vipande vidogo vya ngozi vikapimwa umri Oxford, majibu yakaja: ni vya kati ya mwaka 330 na 650. Habari ya jua siwezi kuitetea. Umri watawa walikuwa wanaujua vizuri kuliko wasomi.

Sasa fikiri. Wakati Injili inasomwa kwa lugha ya Kiafrika katika milima ya Tigray, Waswidi walioleta Upentekoste kwetu, mababu zao walikuwa bado wanaabudu miungu ya kipagani, na wangeendelea hivyo kwa miaka mingine 500 na zaidi. Huo ujumbe wa kitabu cha wazungu, yule aliyeuandika hakuangalia ramani.

Yuko mtu atakayesema: lakini Biblia ya Ethiopia ina vitabu 81, yetu 66, nani amepunguza? Swali hili naulizwa sana, hasa juu ya kitabu cha Henoko. Agano Jipya lenye vitabu 27 wanalo kama sisi. Tofauti kubwa iko katika Agano la Kale na katika vitabu vya utaratibu wa kanisa wanavyohesabu pamoja. Henoko kilipendwa na Wayahudi wengi wa kabla ya Kristo. Vipande vyake vya Kiaramu vimepatikana katika mapango ya Kumrani, na Yuda katika waraka wake anamtaja. Wayahudi wenyewe hawakukiweka katika Torati, Manabii na Maandiko, na makanisa karibu yote yakakiacha. Ethiopia peke yake ikakishika, tena kizima, kwa Ge'ez, mpaka msafiri wa Kiskoti James Bruce alipotoka na nakala tatu mwaka 1773. Hakuna aliyekificha. Kisome ukitaka, kinapatikana. Mimi nimekisoma, na baada ya sura kadhaa za mwendo wa jua na mwezi nilimshukuru Mungu kwa waraka wa Warumi.

Na yule towashi wa Matendo 8, ambaye wengi huhubiri kwamba ndiye aliyeanzisha kanisa la Ethiopia? Kandake alikuwa malkia wa Kushi yenye mji mkuu Meroe, nchi ya Sudani ya leo. Ezana aliwahi kupigana vita upande ule. Towashi ni wa kwao, tumwachie Filipo. Kanisa la Aksum tunamhesabia Frumentius.

Ile barua ya Kaisari Constantius haikumng'oa mahali pake. George, aliyetakiwa kumchunguza, aliuawa na watu wa Iskanderia mwaka 361, mwaka ule ule Kaisari alipokufa, na Athanasius akarudi mjini mwaka uliofuata. Frumentius amekumbukwa Ethiopia kama askofu wa kwanza. Neno walilomwita kwa heshima, abuna, yaani baba yetu, lilibaki kuwa jina la kila askofu mkuu aliyemfuata. Na kwa kuwa yeye alitumwa kutoka Iskanderia, kanisa lile likashika desturi ya kuletewa askofu wake kutoka Misri, mmoja akifa wanatuma wajumbe na zawadi kupitia jangwani kuomba mwingine, na mara nyingine walingoja miaka. Desturi ile iliendelea zaidi ya miaka 1,500. Mwaka 1951 ndipo Mwethiopia wa kwanza akasimikwa kuwa askofu mkuu wa nchi yake, na mwaka 1959 kanisa la Abba Salama likapata patriaki wake mwenyewe.